Kifo Kimoja Kilichokuwa Chake: Sawatari Fumie, 1938–2019

Ndugu, majirani, na nyinyi watu wa sinema mliojipanga nyuma kwa mazoea yenu: wasifu huu unasomwa na mpwa wa marehemu, Chizuru, kwa niaba ya familia. Familia imechoka, wala hakuna haja ya kulificha hilo. Tangu msiba uanze imeulizwa swali moja tu, mlangoni, kwenye simu, hata kwenye foleni ya ubani: imekuwaje mama mwenye mume, mwana na dada afariki bila mtu hata mmoja kando ya kitanda chake? Jibu lipo. Ila halielezeki bila kuanzia mwanzo, kwa hiyo mtuvumilie.

Sawatari Fumie alizaliwa tarehe 9 Machi 1938 mjini Maizuru, mtoto wa pili wa mzee Sawatari Eikichi, fundi wa mapipa ya mchuzi wa soya, na mkewe Kinu. Desemba 1947 Kinu alizidiwa na ugonjwa wa kifua. Ukoo mzima ulikaa kuzunguka godoro lake kama ilivyo ada, maana asiyewahi kumwona mzazi akikata roho husemwa mpaka uzeeni. Mgonjwa akajigeuza kuelekea ukutani. Shangazi akamgeuza, akisema, "Tazama huku Kinu, wenzio wamekuja." Akageuka tena, akageuzwa tena. Fumie, mwenye miaka tisa, aliwekwa mbele kabisa na kikombe cha maji ya kumlowesha mama yake midomo. Alipokuwa mtu mzima alisema kwamba hakumbuki mama alivyocheka, anakumbuka alivyogeuzwa.

Alisoma shule ya msingi na ya kati hapo hapo Maizuru, akamaliza Machi 1953. Walimu walimsifu kwa kusoma kwa sauti, na kuhusu hesabu walinyamaza kwa heshima. Masomo hayakuendelea. Alipelekwa Kyoto kufanya kazi kwa mtia rangi wa vitambaa vya kimono, ambako mikono yake ilikuwa ya buluu hadi kwenye viwiko kwa miaka mitatu.

Sinema hakuitafuta. Desemba 1956 alitumwa na mzigo wa vitambaa kwenye stoo ya mavazi ya studio moja kule Uzumasa. Siku hiyo kazi ilikuwa imekwama. Mwigizaji aliyepangiwa kuwa maiti amekataa kulala chini ya shuka jeupe mwaka mpya ukiwa mlangoni, akihofia mkosi. Mwongozaji msaidizi, amekata tamaa, akamwona msichana mlangoni.

"Wewe wa vitambaa! Unaweza kulala bila kupumua?"

"Kwa baridi hii, kaka? Nikilala hapo nitalala kweli."

"Ndiyo hasa tunayoitaka. Haya, vua viatu."

Akalala. Alipoinuka wakamrushia chumvi ya kufukuza mkosi, kama wanavyorushiwa wote waliocheza wafu, na mwongozaji, Bwana Hidaka, akamwambia arudi kesho. Alirudi kwa zaidi ya miaka hamsini. Alikuwa mke wa samurai anayekohoa damu kwenye kitambaa, mama anayemsubiri mwana aliyeko vitani na kufa mwana akiwa getini, mjane anayekunywa sumu kwa utaratibu. Uhusika mkuu hakuupata hata mara moja. Kwenye mabango jina lake lilikaa pembeni, kwa herufi ndogo. Lakini Bwana Hidaka alizoea kusema, "Fumie akifa, wauza leso wanakula."

Ilikuwa kazi ngumu, na watu wa nyuma wanajua. Kiangazi cha 1961 alikuwa akiigiza sinema mbili kwa pamoja, asubuhi huku, jioni kule, na wigi lile lile kichwani. Siku moja, katikati ya mazishi ya kuigiza, kasisi akisoma sala na wana wakilia, maiti ikaanza kukoroma. Wana wakashindwa kujizuia, wakacheka mpaka vipodozi vikachuruzika. Bwana Hidaka, mtu aliyekuwa akirusha viti kwa makosa madogo kuliko hilo, akaweka kidole mdomoni, akawatoa wote nje kwa ncha za vidole. Wakala wali na samaki wao uani, wakimwacha alale kwenye jeneza la watu.

Aliyebaki ndani kuzima taa, ili joto lisimwamshe, alikuwa fundi wa taa aitwaye Kuze Masanobu. Walifunga ndoa tarehe 3 Novemba 1963. Posa yake ilikuwa fupi. "Nimekumulika ukifa hadi nimechoka," alimwambia. "Sasa nataka nikuone ukila." Fumie akamjibu, "Basi leta chakula." Mwaka 1966 wakapata mwana, Tomohiko, ambaye alipoanza shule alimwambia mwalimu wake kwamba mama yake hufa kila Jumatano. Mwalimu alikuja nyumbani na ubani na uso wa huzuni, akafunguliwa mlango na marehemu mwenyewe, amevaa aproni na kisu cha vitunguu mkononi. Alikaribishwa supu, akala.

Studio zilipopungua kazi alihamia kwenye tamthilia za televisheni, akaendelea kufa huko hadi mwaka 2009. Baada ya hapo moyo ulianza kuchoka kweli. Mwisho wa mwaka 2018 alilazwa katika hospitali ya magharibi mwa mji, na ni kwenye kitanda kile alipomwambia mumewe jambo ambalo familia imelibeba hadi leo.

"Masanobu, nimechoka kutazamwa. Maisha yangu yote nimekufa kwa kuelekezwa. Legeza mkono, pindua shingo, subiri kamera. Kifo hiki cha mwisho sitaki nikifanye vizuri."

"Unataka nini, basi?"

"Mtoke. Wote. Na wewe."

"Hata mimi?"

"Wewe hasa. Wewe utaanza kuangalia kivuli kimeangukia wapi."

Alicheka, lakini mume hakucheka. Alikaa na ombi hilo wiki nyingi, akimwomba mkewe abadili nia, na mkewe hakubadili.

Tarehe 17 Februari 2019, kabla ya adhuhuri, daktari aliita familia iingie. Dada yake, Bi Toyoko, mwenye umri wa miaka themanini na minne, alishatoka Maizuru kwa treni ya alfajiri. Akaketi, akaushika mkono wa mdogo wake. Na Fumie, ambaye alikuwa amefumba macho tangu jana yake, akaanza kuwatolea tabasamu. Tomohiko analijua lile tabasamu, sote tunalijua, limetutoa machozi kwenye televisheni tukiwa wadogo. Hapo Masanobu akasimama, akawaomba wote watoke.

"Shemeji, umerukwa na akili?" Bi Toyoko aliuliza kwenye korido. "Nikirudi Maizuru niseme nini? Kwamba mdogo wangu alikuwa anakata roho na mimi niko nje nakunywa chai ya mashine?"

"Sema mimi ndiye niliyekutoa."

"Ni damu yangu yule!"

"Na ni mke wangu, dada. Na mimi niko hapa nje na wewe."

Tomohiko alikuwa ameshika kitasa. Baba yake hakumvuta. Alimwambia tu, "Ukiingia ataanza kuigiza. Unamjua mama yako."

Kitasa kikaachiwa. Wakaketi watatu kwenye benchi, Bi Toyoko akilia kwa hasira, mzee Masanobu amegeuza uso wake mlangoni kama mtu aliyefungiwa nje ya nyumba yake. Yeye ndiye aliyeteseka kuliko wote, na hilo lisemwe hapa mbele ya watu. Saa saba mchana nesi alitoka, akainama mbele yao. Yalikuwa yamekwisha.

Kwa hiyo wanaouliza wamejibiwa. Hakutelekezwa. Alipewa alichokiomba, na kiliwagharimu waliompa. Kama aligeukia ukutani, kama alilia, kama alikoroma, hakuna ajuaye. Dirisha dogo la jeneza, la kumwonea marehemu uso, limefungwa na halitafunguliwa. Mkipita na maua, wekeni juu ya mbao.

Marehemu ameacha mume, Kuze Masanobu, mwana, Tomohiko, na mkewe Sanae, wajukuu wawili, dada, Bi Toyoko, ambaye bado hasemi na shemeji yake lakini leo amekubali kuketi karibu naye, na mpwa, Chizuru.

Watu wa sinema hawaagani kwa kwaheri. Anayemaliza sehemu yake huambiwa pole kwa kazi, naye huondoka bila kugeuka. Pole kwa kazi, Fumie. Apumzike, na asitazamwe na mtu.