Mzee Musila na Mawe Manne Karibu na Luteni

Mzee Musila Katee anastaafu tarehe 30 Juni, baada ya kutunza Bustani ya Kumbukumbu ya Enkutoto, hapa Kajiado, kwa miaka thelathini na moja. Aliingia mwaka wa 1994 kama kibarua wa kufyeka nyasi kwa wiki mbili. Hakuna aliyemwambia wiki mbili zimeisha, naye hakumkumbusha mtu.

Kazi yake ilikuwa kaburi moja. Meneja wetu, Bwana Kasaine, ameniomba nusu ya ukurasa huu wa programu ya kumuaga iwe ya mwenye kaburi, kwa sababu kuna wageni watatoka mbali. Basi nitaeleza vile Mzee huwaeleza wanafunzi.

Luteni Hinrich Todsen alizaliwa mwaka wa 1886 katika mji wa bandari huko Ujerumani, mtoto wa seremala wa meli. Alijiunga na jeshi la majini akiwa na miaka kumi na minane. Vita Vikuu vya Kwanza vilipoanza alikuwa kwenye meli ya kivita katika pwani ya Afrika Mashariki. Waingereza waliifungia meli hiyo ndani ya mto wakaizamisha, na mabaharia wakabaki na buti na bunduki. Hapo Mzee husimama kidogo, anawaonyesha watoto vumbi letu lote hili, anasema, "Sasa baharia akaanza kutembea." Alitembea hadi Kilimanjaro, akapewa kikosi cha kuja kulipua reli ya Magadi. Februari 1916 alipigwa risasi ya tumbo karibu na Loitokitok, Waingereza wakamshika. Wakaamua afikishwe hospitali ya mahema hapa Kajiado, maana afisa ni afisa hata akiwa adui. Aliishi siku tatu, akazikwa kwa heshima, bunduki zikalia.

Lakini hakufika kwa miguu yake. Alibebwa kwa machela siku sita na wapagazi wanane, Wakamba waliotolewa makwao kwa nguvu ili wabebee jeshi la Waingereza mizigo. Maji yalikuwa ya mgonjwa. Wanne walikufa wakaachwa kando ya njia. Mmoja wao alikuwa Kiema, babu yake Mzee Musila. Wenzake waliorudi walimletea mke wake blanketi na majina ya wale wengine watatu. Bibi huyo aliyaweka kichwani mpaka akamwachia mjukuu. Sasa mnajua kwa nini mjukuu hakumkumbusha mtu kuhusu wiki mbili.

Rejista ya hospitali hiyo tuko nayo ofisini. Imeandika vifungo vya koti la Luteni, kumi na viwili, na kiko chake cha tumbaku. Kuhusu wapagazi imeandika: wanane.

Mwaka wake wa pili kazini, Mzee aliokota mawe manne mtoni, akayapaka chokaa, akayapanga karibu na ua unaozunguka kaburi. Kila asubuhi aliosha jiwe la Luteni kwanza, kisha yale manne, kwa maji yaleyale na kitambaa kilekile. Mwanafunzi mmoja kutoka Kware alimuuliza mbona anamwagilia adui maua. Akajibu, "Maua hayajapigana na mtu." Na mimi nilipoanza kazi hapa na mtoto mgongoni, aliniangalia nikipalilia saa sita ya mchana, akasema, "Mama Wayua, huyo si kitunguu cha Loitokitok, usimwanike." Kesho yake nikakuta amesimamisha kivuli cha mabati kando ya tenki. Hakusema ni cha nani.

Mwezi wa nne mwaka huu wenye bustani, watu wa Ujerumani wanaotunza makaburi ya askari wao, walituma mkaguzi. Alihesabu kaburi moja kwenye rejista ya bustani na mawe matano chini. Barua ikafuata: jiwe ambalo jina lake haliko kwenye karatasi za bustani litolewe kabla ya sherehe. Mzee aliisoma mara mbili. "Mama Wayua," akaniambia, "wanataka karatasi. Hawa walikufa na mzigo begani, karatasi wangeishika na mkono gani?" Kisha akayaondoa mwenyewe kwa wilbaro, moja moja, kwa sababu hakutaka mtu mwingine ayarushe.

Zawadi yake ya kustaafu nayo imefika kutoka kwa wenye bustani. Ni picha ya Luteni Todsen, kwenye fremu. Mzee ameuliza kama amtundike karibu na picha ya harusi yake au karibu na kalenda. Tulicheka, lakini si sana.

Wenye bustani, nitasema bila kuzunguka. Mtu amewatunzia mtu wenu miaka thelathini na moja, na nyinyi mmeshindwa kumvumilia babu yake pale kwenye ua.

Programu ya kila sherehe huwekwa kwenye faili ya bustani, ndiyo sheria ya ofisi tangu zamani. Kwa hivyo hii mnayoshika ni karatasi ya bustani. Wapagazi waliokufa wakimbeba Luteni Hinrich Todsen, Februari 1916, ni hawa: Kiema wa Mbithi, Mulwa wa Ndeti, Nguku wa Kasyoka, Nzau wa Ileli. Bwana Kasaine amesoma mpaka hapa. Aliniuliza kama majina nimeyaandika sawasawa, akapeleka kuchapishwa.

Mzee wetu, asante kwa kivuli, na kwa kutufundisha kuosha yote kwa kitambaa kimoja. Enda Makueni ulale mpaka jua likukute kitandani, na Mungu akupe afya na wajukuu wa kukusumbua. Kuanzia Julai kitambaa ni changu. Mawe yako kwangu Kitengela, nyuma ya nyumba. Wayua huyaosha kila jioni akidhani ni sufuria. Usizime simu. Nikikuita, uje na wilbaro.

Mbithe Mwelu, msaidizi wa bustani