Papa Sylvain na Kapita Wake wa Mbao

Baada ya miaka thelathini na minne ya kazi, Papa Sylvain Mwelwa anastaafu Ijumaa hii, tarehe 27 Juni 2025. Anaondoka na afya njema, meno karibu yote, na miwani ambayo sisi wenzake wa karakana ya umeme ya bosi wetu, Patron Kapya, tumeitafuta mara nyingi kuliko fyuzi. Kila mara ilikuwa juu ya kichwa chake.

Alizaliwa Sakania, mtoto wa seremala wa reli. Alipokuja mjini kuanza kazi mtaani kwetu Bel-Air, mzigo wake ulikuwa shati la kubadili na kibao alichochongewa na baba yake: kipande cha mti mgumu chenye mashimo, kila shimo kwa ncha moja ya bisibisi.

Wasiofanya kazi yetu hudhani bisibisi ni bisibisi. Skrubu za disjonkteri, zile swichi za kukatia umeme, zina kichwa chenye mfuo na msalaba kwa pamoja. Ukitia ncha ya msalaba wa kawaida, inaruka na kukitafuna kichwa. Ukitia ya bapa, inateleza pembeni. Skrubu ikibaki imelegea, waya unapata moto, na moto hauna urafiki na mtu. Papa Sylvain alisaka ncha zenye umbo lile lile la skrubu, zilizovikwa plastiki ya kuzuia umeme, akatufundisha kukaza kwa subira. Maduka mengi ya komuni yetu ya Kampemba yanalala salama kwa sababu hiyo, na wenyewe hawajui.

Lakini sifa yake kubwa ni sheria ya kibao: umeme hauwashwi mpaka kila ncha irudi shimoni mwake. Ncha ni chuma. Ikisahaulika ndani ya kabati la umeme, inaweza kuunganisha visivyopaswa kukutana. Kwa kuwa kibao ndicho chenye neno la mwisho, tulikiita Kapita, kama wazee wetu walivyomwita msimamizi wa kazi. Mteja akiuliza mbona hatuwashi, aliambiwa Kapita hajakubali.

Kuna mwaka sheria hiyo ilimtia aibu. Mama Domitille Kambale, mfanyabiashara kutoka Butembo anayeuza samaki wa barafu kwa jumla, alikuwa ameharibikiwa na umeme wa chumba cha baridi. Tulipomaliza, shimo moja lilikuwa tupu. Papa Sylvain alifungua kabati upya, akatafuta mchana kutwa huku maji ya samaki yakitiririka hadi mlangoni. Ncha ilionekana mwishowe katika pindo la suruali yake mwenyewe. Samaki walikuwa wameoza, na Mama Domitille alitutukana sote hadi mababu.

Tangu hapo tulianza kumcheka Kapita chini chini. Papa Sylvain hakubadili sheria, lakini ilimwuma. Hivi karibuni, akifuta kibao chake, alisema: "Siku nitaenda, mutawasha tu. Na mutachoma muntu." Tuliendelea kukunja waya, maana tulijua huenda ni kweli.

Kazi yake ya mwisho ilikuwa wiki iliyopita, na mteja ni Mama Domitille yule yule. Merdi, fundi atakayeshika nafasi yake, aliongoza. Papa Sylvain alikalishwa juu ya kreti, amekatazwa kugusa chochote. Merdi alikaza, akafunga kabati, akashika swichi kubwa, kisha akatupia kibao jicho. Shimo moja tupu. Sote tukaitazama suruali ya Papa Sylvain, bila huruma. Akakunjua mapindo yote mawili: hamna kitu.

Mama Domitille akapaza sauti: "Munataka samaki yangu ioze tena? Washeni!" Na sisi wengine, tuseme ukweli, tulitaka Merdi awashe twende zetu. Papa Sylvain alitazama sakafu. Merdi akatuangalia mmoja mmoja, jasho likimtoka, kisha akaondoa mkono kwenye swichi.

"Mama, utusamehe. Kapita hayakubali."

Alifungua kabati. Ncha ilikuwa imelala nyuma ya disjonkteri, imeegemea pau mbili za shaba zinazopitisha umeme. Angewasha, mlipuko ungeanzia usoni pake.

Mama Domitille alifanya ishara ya msalaba, akaomba apewe ncha ile, akairudisha shimoni kwa mkono wake mwenyewe. Papa Sylvain alivua miwani akajifuta, akadai ni jasho. Sisi tumefanya naye kazi miaka mingi, tunajua jasho lake hutokea wapi.

Asante, Papa Sylvain, kwa kutukasirisha kila siku tukabaki hai. Asante nawe Mama Estelle, mkewe, uliyetuazima mume muda wote huu na kumpokea jioni akinuka waya zilizoungua. Mungu awape uzee mtamu, bukari ya moto, ugali wetu huo, na umeme usiokatika.

Kibao umetuachia, na tunajua uliogopa kukiacha. Asubuhi hii Merdi amekikagua mbele yetu sote: hakuna shimo tupu. Nenda salama, Papa. Kapita amekubali.