Mikanda Iliyovundikwa na Kakao

Marehemu Sylvester Yakobo alizaliwa Ngonga tarehe 4 Juni 1960, mtoto wa kwanza wa Yakobo, mbeba magunia wa kiwanda cha kukoboa mpunga, na Anyisile. Mimi Stella ni mdogo wake. Alisoma hapahapa Ngonga hadi darasa la saba. Walimu walimchapa kwa maswali yake, naye hakukoma kuuliza.

Baba alifariki mwaka 1974 bila kuacha hata picha moja. Mama alikuwa akilalamika, "Sura yake inanipotea."

Mwaka 1981 kaka aliajiriwa kuonyesha sinema vijijini kwa gari la serikali. Alimwoa Rut wa Katumba Songwe mwaka 1985. Alipopunguzwa kazi mwaka 1992, alirudi na projekta mbovu, akaifufua. Mwaka uliofuata kiwanda kiliuzwa, na mikanda ya filamu iliyopigwa mle ndani enzi za baba ikatupwa jalalani. Kaka akaizoa yote, amtafutie mama sura ya mumewe.

Mvua ilipomkuta, akaisunda kwenye sanduku ambamo Rut alikuwa amevundika kakao. Mikanda ilitoka na madoa ya kila rangi. Rut alinuna wiki nzima kwa ajili ya kakao yake, jamani, na alikuwa na haki. Kaka yeye alisema tu, "Mbona sasa inapendeza?" Tangu hapo akawa anaikwaruza kwa sindano, anaikata, anaiunga, anaionyesha, mashine za kiwanda zinazunguka kinyumenyume kwenye shuka alilotundika ukutani. Tulipomwuliza maana yake alijibu, "Hata mimi natazama nijue."

Jioni moja akapita kwenye shuka mbeba gunia, nusu ya uso imeliwa na doa. Mama akasimama. "Ndiye. Ndaga fijo, asante sana, mwanangu." Akaomba arudishiwe, tena na tena. Kipande kile kaka alikiunga kikawa filamu nzima, na mama aliitazama hadi alipofariki mwaka 1996.

Yule hakuwa baba. Alikuwa Mzee Ambilikile, mwenzake baba kiwandani, aliyekuwa ameketi benchi moja na mama jioni ile, akajitambua kwa kovu la bega, akamnong'oneza kaka baadaye. Kaka alipotaka kumweleza mama ukweli, mzee alimkataza: "Mwache. Mimi sura ninayo ya kutosha." Ameniruhusu leo niwaambie.

Kisukari kilimwanza kaka mwaka 2001, kikamnyima macho, na hilo lilimuuma kuliko yote. Alifariki nyumbani tarehe 9 Machi 2003, Rut akiwa amemshika mkono.

Ameacha mjane, Rut; watoto wawili, Mercy na Isaya; mdogo mmoja, mimi; na baba mmoja, Mzee Ambilikile.

Bwana akupe pumziko la amani, kaka.