Trevor Sugden Anastaafu Mara ya Tano, na Hii Ndiyo ya Mwisho

Ninyi wa nyuma ya goli mnaoimba "Mwaka mmoja tena, Trevor!", fungeni midomo. Goti si lenu.

Trevor Sugden, kiungo wa kati wa Cragthwaite Town, anastaafu leo, Jumamosi ya mwisho ya Aprili, baada ya miaka ishirini na miwili. Nimeandika mimi, Winnie Clegg, mfua jezi na mchemsha chai, maana katibu ameona haya kumuaga tena. Kila tukimuaga tunampa saa ya ukutani. Kila ikifika Agosti, msimu ukianza, kuna mchezaji kaenda Hispania kuota jua, kocha anapiga simu, na Trevor huyo karudi. Mkewe Brenda alinijia kwenye dirisha la chai. "Bibi Winnie, sebule yangu inagonga kama kanisa. Mkileta saa nyingine, nitakutundika wewe ukutani."

Kazi yake naijua kwa matope. Jezi za wenzake huja na madoa; ya Trevor huja na majani, na siku moja ilikuja na chura, tena mzima.

Mbio hakujaliwa. Uwanja wetu una mteremko, naye alicheza kipindi cha kuteremka. Cha kupanda alisimama katikati akinyoosha kidole kama askari wa barabarani. Lakini mpira ukimfikia, haupiti. Bao lake la pekee alilifunga kwa kisogo, huku akimgombeza mshika kibendera kwa ajili ya mbwa aliyeingia uwanjani. Alishangilia alipoambiwa.

Na ile kadi nyekundu? Siku hiyo hata hakuwa mchezaji. Alikuwa amekwisha kustaafu mara ya tatu, kasimama nje ya kamba, pai mkononi. Winga wa wapinzani wetu, Thornley, akapita mbio, mguu wa Trevor ukatoka wenyewe ukamwangusha. Refa akaja juu.

"Wewe, nje!"

"Mimi mtazamaji tu, bwana refa."

"Basi acha kutazama!"

Akaondoka na pai yake hadi kituo cha basi, hakubisha.

Mmecheka? Haya, sikilizeni. Daktari amemwambia goti limekwisha. Rafu moja tu, na ni magongo. Trevor ni tarishi wa posta, na barua hazina miguu. Tena Septemba binti yake Joanne anaolewa, anataka baba amshike mkono toka mlangoni mwa kanisa hadi mbele. Juzi kaja kulia juu ya vikombe vyangu: "Bibi, nimemkuta bafuni anapaka njumu mafuta, kazima taa!"

Nikamwita Trevor. "Kidogo tu, Bibi Winnie," akasema. "Nitasimama katikati."

Mjinga! Miaka yote umesimama katikati, na goti limekwisha vilevile.

Kwa hiyo leo atapiga mpira wa kuanzia akiwa na suti na viatu vya kanisani, kisha atakaa. Njumu ninazo mimi. Saa hatutoi, tumemnunulia kiti. Trevor, asante kwa matope yote, mwanangu. Kula ushibe, lala vizuri, na uende utakako kwa miguu yako mwenyewe.

Nawe kocha Gary, toa simu mfukoni, futa namba ya Trevor, kisha njoo dirishani unionyeshe kabla ya filimbi. La sivyo, jezi za Agosti fueni wenyewe.