Dakika Mbili na Sekunde Kumi na Moja za Baldomero

Marehemu Baldomero Ferrandis Llopis alizaliwa hapa Benialfaró, mkoa wa Valencia, tarehe 9 Machi 1938, kitinda mimba wa Mzee Eliseo, mchuma machungwa na mpiga tuba wa bendi ya mji, na mkewe Bi Rosario. Mimi Herminia, dada yake, nilikuwa na miaka minane, na nilimpokea kutoka mikononi mwa mkunga. Alilia sauti moja na kengele ya kanisa, hata mgonga kengele akaachia kamba akidhani mwenzake ameshika zamu. Mkunga angekuwa hai angethibitisha. Tulizaliwa sita, wanne nimeshawazika, na leo huyu. Nimechoka.

Alisoma shule ya masista, akajifunza klarineti kwenye bendi yetu, kisha chuo cha muziki Valencia kuanzia 1954 hadi 1960. Mimi sikupelekwa shule. Kulikuwa na wa kusoma na wa kufua, na shati lake la bendi nililifua mimi.

Mwaka 1962 alihamia Madrid na kuanza kutunga muziki wa filamu. Alitunga wa filamu tisini na nne. Kazi ilimmaliza. Aliletewa filamu imeshakatwa na kuunganishwa, akakaa na saa ya kuhesabia sekunde, akaandika muziki wa kutosha tangu busu linapoanza hadi mlango unapofungwa. Mwongozaji akilipunguza busu, marehemu aliandika upya. Nyingi zilikuwa filamu za farasi, zilizopigwa jangwani Almería, na vishindo vya kwato vilifunika kila alichotunga.

Tarehe 4 Juni 1966 alifunga ndoa na Virtudes Galbis, mshonaji wa mavazi ya filamu. Kila marehemu alipotoka kutazama filamu iliyokamilika, alivua koti na kusema, "Farasi wamekula tena."

"Farasi wameshakula, wewe bado," Virtudes alimjibu. "Kaa mezani."

Kipande kimoja tu kilinusurika. Kwenye picha, mwana anamzika mama yake. Hakuna farasi, hakuna anayeongea, dakika mbili na sekunde kumi na moja. Filamu hiyo ilipofika sinema ya hapa mwaka 1971, marehemu alisafiri kutoka Madrid akisikie pamoja na watu wa kwao. Kilipoanza tu, nilisimama juu ya kiti nikautangazia ukumbi kwamba huyo ni mdogo wangu, na kwamba alizaliwa akiimba. Nilipomaliza, mama wa kwenye filamu alikuwa ameshafukiwa.

Marehemu aliniambia nje, taratibu, "Dada, farasi nimewasamehe."

Mwaka 1999 alistaafu, akarudi kufundisha bendi. Mwaka 2016 mapafu yalianza kumsumbua. Mwezi uliopita nilimpelekea maziwa ya ndago, kinywaji cha kwetu, akanywa mafunda mawili, akasema anataka bendi impigie kipande kile kaburini.

"Watu wasikisikie wakiongea," alisema. "Dakika mbili na sekunde kumi na moja. Utaweza, dada?"

"Nitajaribu."

"Hujawahi."

"Na wewe hujawahi kufa. Kila mtu atajaribu lake."

Alicheka mpaka akakohoa. Alifariki nyumbani Jumanne, tarehe 12 Novemba 2019, saa nne asubuhi, siku kumi kabla ya sikukuu ya Mtakatifu Sesilia, msimamizi wa wanamuziki, ambayo hakuwahi kuikosa.

Ameacha mke, Virtudes, binti, Leocadia, wajukuu watatu, bendi nzima, na mimi.

Mji huu huongea misani, huongea nyuma ya jeneza, na mwalimu wa kuongea ni mimi. Ndiyo maana wasifu huu nimeusema nyumbani ukaandikwa, na anausoma mjukuu wangu Neus. Mimi nimeshaanza kunyamaza tangu geti la makaburini.

Sasa bendi itapiga. Kiti chake kiko wazi, klarineti yake juu yake. Neus ataibonyeza saa ile ile ya marehemu, na mpaka atakapoinua mkono, asisikike mtu.

Lala, mdogo wangu. Sikiliza.