Nukta ya Servando bin Khalaf

“Niliiona! Kwa macho yangu haya mawili, nukta niliiona!” Hivyo ndivyo marehemu Servando bin Khalaf alivyogomba siku aliyofukuzwa kazi ya kutafsiri vitabu, na akaendelea kugomba miaka ishirini na miwili, mezani, sokoni, hata akiwa peke yake chumbani. Majirani mliosimama hapa mmelisikia neno hilo mpaka likawachosha. Basi lisikieni mara ya mwisho, safari hii kwa utaratibu.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Desemba 1126, sikukuu ya Mtakatifu Leokadia, hapa Toledo, nyuma ya kanisa hili la Mtakatifu Luka. Alikuwa mtoto wa kwanza wa mzee Khalaf, mfinyanzi wa vigae, na mama Maryam. Alifuatiwa na dada yake, Kolomba. Wengine watatu hawakufika mwaka.

Kusoma Kiarabu alifundishwa na shemasi, kama watoto wetu wote wa parokia. Alipokuwa na miaka kumi na miwili alimtazama baba yake akikata vigae vya sakafu, akamwambia, “Baba, hivi vya pembe tano havitashikana. Fanya sita.” Alipata kofi. Vigae vilipotoka tanuruni vilikataa kushikana, tanuru zima likaenda jalalani. Mzee Khalaf hakuomba radhi, hakuwa na desturi hiyo, lakini wiki iliyofuata alimpeleka mwanawe kwa mpima mashamba, mzee Ibn Attaf, akajifunze kile kitabu cha Myunani wa kale cha mistari na pembe, ambacho watu wa Baghdadi walikwisha kukitia katika Kiarabu.

Mwaka 1153 alimwoa Loba binti Yuliyan, msokota sufi. Jioni mume akichora pembetatu majivuni na kueleza hatua kwa hatua, Loba haondoi macho kwenye pia yake ya kusokotea, ila kila hatua anauliza, “Kwa hiyo?” Watu walidhani anamdhihaki. Marehemu alisema mke wake ndiye mtu pekee mjini aliyejua kuuliza. Loba alifariki kwa homa mwaka 1161. Hawakujaliwa mtoto. Tangu hapo marehemu aliendelea kuchora majivuni, akifika mwisho wa hatua ananyamaza kidogo, anangoja, kisha anaendelea.

Kazi yenyewe aliianza mwaka 1157, pamoja na Padri Fulko, Mfaranki. Kitabu kilekile cha Myunani kilitakiwa kwa Kilatini. Servando hakujua Kilatini, na Fulko hakujua hata alifu. Basi mmoja anasoma Kiarabu, anakisema kwa lugha yetu ya sokoni, mwenzake anaandika Kilatini. Walibishana kutwa. Walipofika kwenye lile umbo la mraba uliobonyea, Fulko alikosa neno.

“Kwenu hakuna vitu vilivyobonyea, Padri?”

“Vipo, Mwalimu. Tunavitupa.”

Mwishowe wakaliandika jina la Kiarabu lilivyo, na Servando akasema limevuka mpaka na kilemba chake. Baada ya kumzika Loba, kicheko chake chote kilikuwa kwenye chumba kile.

Mwaka 1167, mwezi wa Juni, mkaguzi mmoja anayejua kidogo Kiarabu alilinganisha vitabu viwili. Mchoroni, Kilatini kilisema mstari unafika kwenye pembe yenye herufi jimu. Kiarabu kilisema ha. Mnajua wenyewe: jimu ina nukta tumboni, ikiikosa ni ha. Na kwenye ukurasa nukta haikuwapo.

“Unapachika maneno yako kwenye kinywa cha Myunani,” mkaguzi akasema.

“Ukiweka ha, pembetatu haifungi! Chukua kalamu uchore, baba!”

Hakuna aliyechora. Marehemu alimgeukia Padri Fulko. “Mwambie. Siku ile si nilisema jimu kwa sababu nukta ilikuwapo?”

Fulko akajibu, “Mimi niliandika nilichosikia. Kilichoko kwenye karatasi yenu sikijui.” Huo ulikuwa ukweli, na ndio uliommaliza. Marehemu alifukuzwa, jimu ikafutwa, na kitabu kikapelekwa kaskazini na pembetatu isiyofunga.

Baada ya hapo aliishi kwa kuandika hati za kuuziana mashamba. Alikula dengu zake peke yake. Majivu aliyochora, dada yake, aliyekuja kila asubuhi tangu kifo cha Loba, aliyafagia bila kuyatazama. Siku moja Kolomba alichoka, akamwambia, “Kaka, pengine hukuiona. Watu hukosea, dunia haivunjiki.” Baada ya hapo marehemu alianza kusogeza kila hati kwenye mwanga na kuisoma mara mbili, kama mtu asiyeyaamini macho yake, na ule ugomvi akawa anaugomba kwa sauti ya chini.

Januari mwaka huu wa 1189 kifua kilimbana, akalala. Tarehe 20 Februari aligonga mlango mzee mmoja mwenye kitabu kwapani. Alikuwa Padri Fulko. Juma hilo alikuwa amekwenda kwa Bibi Sol, muuza vitabu wa mtaa wa Wayahudi, akakuta ukurasa wa kitabu kimoja cha Kiarabu una doa, akatoa kisu cha kalamu alikwangue, kama afanyavyo siku zote, maana ni mtu nadhifu. Bibi Sol alimpiga mkono.

“We Padri! Hicho si kinyesi cha inzi, ni herufi! Unamla mtu nukta yake!”

Fulko alisimama pale dukani mpaka akaletewa kiti. Kisha akaenda akakiazima kile kitabu cha Kiarabu walichokitafsiri zamani.

“Mwalimu Servando,” alisema kando ya kitanda, “kila jioni nilikuwa nakusafishia kurasa. Nilidhani ni inzi. Nukta yako niliila mimi.”

Marehemu alifumba macho. Kolomba alifikiri atatukana, naye angemsaidia. Badala yake alisema, “Shika kidole changu, kipeleke pale.” Fulko akaushika mkono wake akaupitisha kwenye ukurasa, na pale tumboni mwa herufi karatasi ilikuwa imechubuka. Marehemu aliipapasa muda mrefu.

“Irudishe, basi. Katikati. Usiizidishe, itafanana na inzi kweli.”

Fulko akachovya kalamu, akaiweka. Kisha marehemu akaanza kueleza mchoro ule, polepole, pumzi ikikatika. Alipomaliza hatua ya kwanza alinyamaza, akangoja. Kolomba, ambaye kwa miaka ishirini na minane alifagia majivu yale, alisema, “Kwa hiyo?” Marehemu alimtazama, akaendelea mpaka pembetatu ikafunga.

Alifariki tarehe 3 Machi 1189, alfajiri, akiwa na umri wa miaka sitini na miwili.

Ameacha dada mmoja, Kolomba. Wapwa wawili, Sisilia na Dominga. Na Padri Fulko, ambaye tangu juzi anaandika barua kaskazini, kwa kila aliye na kitabu kile, kwamba pale pafutwe ha parudishwe jimu, na kwamba aliyesoma sawasawa ni Servando bin Khalaf wa Toledo. Nukta aliyodai amelipwa. Lala, kaka yetu, hakuna anayebisha tena.