Mlango Tunaoukalia

Benchi letu la hapa mtaani Buyenzi ni mlango. Maji yalipoingia Gatumba yalibomoa nyumba ya mwenzetu Mirindi yakamwachia mlango tu. Akauleta mjini, tukaupigilia miguu, na tangu hapo tunanywea kahawa juu yake. Wiki iliyopita akatupitia Ingrid, msanii anayechanganya picha, sauti na video kuhusu watu waliohama na wanachokikumbuka. Anautaka mlango huo kwa maonyesho yake, kwanza Kiriri, hapa hapa mjini, kisha Ubelgiji. Leo anakuja kuchukua jibu, na Mirindi kanuna tangu asubuhi. Mimi pia nimenuna, maana sijui nitakaa wapi.

— Mi sitoe, akasema Mirindi. Nyumba yangu yote iko hapa, chini ya matako yenu.

— Shida ni viza, akasema Bonfils, tunayemwita Konsili kwa sababu kila ubalozi umeshamkatalia. Watauliza: huu mulango utarudi?

— Mulango hauombake viza, akajibu Mirindi.

— Mutu wanakatalia, mulango ndo watapatia? Watasema uko na nia ya kubakia kule.

— Ubakie, akadakia Moubarak, anayeitwa Kompyuta kwa vile hajawahi kukosa jibu. Umekimbia maji, huo ni mukimbizi. Na mulango hauwezi kulala inje. Watajenga nyumba nyuma yake. Nyumba ya mulango wa Mirindi ni ya nani? Ya Mirindi.

Mirindi akainama kuutazama ubao.

— Na sisi? nikauliza.

— Sisi ni famiye, ndugu za mulango, akasema Konsili. Tutaitwa. Kwanza wale wanakalaka katikati.

Ugomvi ukawaka wa nani hukaa katikati. Kompyuta akadai yeye hukalia kitasa, na kitasa ndicho kitakachotambuliwa uwanja wa ndege. Nikamwambia hukalia kitasa kwa sababu huchelewa kufika.

— Muache fujo, akasema Mirindi. Maji yakikuja mulikuwa wapi? Hii ni kumbukumbu yangu. Naijua, kila musumari.

Hapo Ingrid akafika, akatusalimia mmoja mmoja, akapapasa ubao.

— Muzee Mirindi, sikuje kukulazimisha. Niko na swali moja tu. Ukikubali, nitausimamisha tena, watu wapite. Kwako ulikuwa unafungukia ndani ao inje?

— Ndani, akasema Mirindi. Akafikiri. Inje.

Tukamtazama Kompyuta. Kompyuta akatazama kahawa yake.

Mirindi akainuka, akanyoosha mkono barabarani mbele za watu. Akasukuma hewa. Akavuta. Akasukuma tena, mwenye baiskeli akamkwepa. Hakuna aliyecheka, na Konsili hucheka hata msibani.

— Marehemu muke wangu ndo alikuwa ananifunguliaka, akasema mwishowe. Mi nilikuwa napiga tu hodi.

Akarudi, akasimama mbele ya benchi bila kukaa.

— Ubebe, mwanangu. Usimamishe. Nitakuja nipige hodi.

Tukainuka sote.